Vipimo vya Usingizini

Jumapili, saa kumi na mbili na robo jioni, fundi alirudi kutoka karakana akiwa hoi, futi ya kupimia ingali shingoni. Sare ya shule ya bintiye, Kifungo, ilitakiwa kesho asubuhi. Kitambaa kilisubiri juu ya cherehani ya kukanyaga aliyoachiwa na marehemu mama yake. Vilivyokosekana ni vipimo, na Kifungo alikuwa amekwisha lala.

"Amka nikupime, mama."

"Nipime hivi hivi," mtoto akanung'unika, macho yamefumba.

Fundi hakuwa na nguvu ya kubishana. Akapima bega. Akapima kifua. Akapitisha futi kutoka kisigino hadi utosini, ndipo akakumbuka.

Aliyelala hapimwi.

Mama yake, fundi naye, aliwakanya hivyo yeye na mdogo wake utoto wao wote. Kisha jioni moja, kachoka vivi hivi, akampima huyo mdogo usingizini. Kulipokucha, mtoto hakuamka. Tangu hapo mama hakushika futi bila kuuliza kwanza, "U macho?"

Fundi akamtikisa Kifungo. Kimya. Akamtikisa tena. Mwili ulilegea kama kitambaa.

Nyuma yake... tak. Tak. Tak-tak-tak.

Cherehani ilikuwa inakanyagwa.

Ikaja harufu ya mafuta ya mashine, na jasho la mama. Hakugeuka.

"Umechoka, mwanangu," sauti ikanong'ona. "Hata mimi nilichoka."

"Mama, usimchukue."

"Vipimo vikishachukuliwa, lazima kishonwe kitu."

"Basi... nishonee mimi."

Futi ikamtoka mkononi taratibu, kama inayopokewa na mtu mwenye adabu. Macho yakawa mazito.

Asubuhi aliamshwa na Kifungo, mzima, kavaa sare iliyomkaa barabara.

"Mama, kuna bibi alikupima umelala. Nikamuuliza mbona hakuamshi. Akasema umechoka, tukuache."

Juu ya cherehani palikuwa na nguo nyeupe, ndefu kama fundi mwenyewe, isiyo na mikono wala tundu la kichwa. Upindo mmoja tu haukuwa umeshonwa. Sindano ilikuwa imechomekwa hapo.

Fundi akamfunga mtoto viatu, akamfikisha hadi lango la shule. Aliporudi akaketi kwenye kiti cha mama yake, akashika wembe, akaanza kufumua mshono mmoja mmoja. Alipomaliza upande wa kwanza, akaigeuza nguo.

Ule upindo uliobaki ulikuwa umeshonwa hadi nusu.