Ufa Alioufunika Olinka

Kila asubuhi Olinka alikwenda kuchochea moto katika kibanda cha kukaushia samaki, pale ukingoni mwa mto. Bibi yake alimwita "Mama", kwa kuwa Olinka alirithi jina la marehemu mama yake bibi.

Siku hiyo, nyuma ya kibanda, Olinka aliona ufa kwenye nyasi. Ulikuwa mwembamba, lakini alipoingiza kijiti, kilizama chote. Alijua maana yake. Katika nchi yao ya baridi, barafu inayoshika udongo ilikuwa inayeyuka, na mto ulikuwa unaila ardhi kwa chini. Mwaka jana uliichukua nyumba ya jirani.

"Nikisema, kesho tutashinda tunahamisha kibanda," alifikiri. "Safari ya kuchuma matunda ndiyo basi tena."

Akachukua manyasi ya kinamasi, yale wanayozibia kuta, akaushindilia ufa. Ukawa kama haupo.

"Mbona matope mpaka magotini?" kaka yake, Evon, alimtania. "Umegeuka bata?"

"Niache, pua kubwa wewe!"

Mchana upepo ulivuma. Olinka alisikia maji yakigonga chini ya ukingo, du, du, du. Akaiweka chai chini. Mara akamwona Bibi amebeba kigoda na kisu, amekwenda kukaa nyuma ya kibanda, palepale.

"Bibi, rudi!"

"Kuna nini, Mama? Samaki wataoza."

"Kuna ufa! Niliuziba mimi! Toka hapo, nakuomba!"

Bibi hakuuliza mara mbili. Aliacha kila kitu akaja akichechemea. Evon akamdaka mkono, akamvuta. Ardhi ikaguna. Nyasi zikainama, kibanda kikainama kikaangukia mtoni, na samaki waliokuwamo wakaenda na maji, pamoja na kile kigoda.

Kesho yake hakuna aliyekwenda kuchuma matunda. Familia nzima ilihamisha vichanja vya nje, vyenye samaki waliobaki, mbali na mto. Olinka alibeba nguzo huku machozi yanamtoka.

Bibi alimfuta uso.

"Mto tunaujua, Mama. Unakula huku, unajaza kule, nasi tunahama. Siuogopi. Nilichoogopa ni zile nyasi nzuri zilizonifichia shimo. Siku nyingine ukiona ufa, sema hapohapo. Ukichelewa, sema vilevile, kama ulivyosema jana. Ndiyo maana leo nipo, ninakufuta machozi."