Nani Alinitoa Getini?

"Namba themanini na nne! Zima pikipiki!"

Nilidhani anaongea na mtu mwingine.

Tulikuwa tumepangwa kwenye geti la kuanzia mbio, vichwa chini, injini zinanguruma, bango la sekunde limeshanyanyuliwa... halafu msimamizi mmoja wa fulana ya njano akaja moja kwa moja kwangu, akanyoosha mkono na kuizima pikipiki yangu!

"We vipi? Umechanganyikiwa?" nikampigia kelele.

"Daktari amekuzuia. Toka."

"Daktari gani? Nani kamwambia nini?"

"Toka, Teun. Usinifanye nikuburute mbele ya watu."

Mbele ya watu! Ndugu zangu, hapo ni nyumbani Brabant, Uholanzi, uwanja wa mchanga wa Zwartven, nusu ya walioshika uzio nimesoma nao. Geti likaanguka, mbio zikaanza. Wenzangu wakaondoka, mchanga wa magurudumu yao ukanipiga kifuani.

Nikabaki nimeikalia pikipiki iliyozimwa, nalia ndani ya helmeti.

Kuna mtu alikuwa ameniuza. Na niliapa nitamjua.

Wewe unayesoma huku umejificha na simu kazini, weka kazi pembeni kidogo. Haya yamenikuta mimi, Teun van Asseldonk, na sijapamba kitu.

Motokrosi, hizi mbio za pikipiki za mchangani na topeni, nimeianza kabla sijajua kufunga kamba za viatu. Baba yangu Harrie aliendesha kabla yangu, mgongo ukamshinda, akashika spana akawa fundi wangu. Majira ya baridi tulikuwa tunaenda Sardinia kujifua, kiangazi tunalala kwenye gari nchi hii na ile. Nimevunjika mtulinga, mkono, mbavu, nikapona, nikarudi. Hiyo ndiyo kazi niliyoichagua na niliipenda kuliko kitu chochote. Mke wangu alilijua hilo, na lilimuuma.

Sasa siku ile ya Zwartven haikuwa ya kawaida. Kwenye uzio alisimama bosi wa timu ya kiwanda cha pikipiki, wale wakubwa kabisa. Alikuwa ameshaniambia:

"Maliza tano bora hapa kwenu. Jumatatu tunasaini."

Nina miaka ishirini na nane. Kwenye kazi yetu, mtu wa umri huo haulizwi mara mbili.

Niwe mkweli. Mapema mwezi ule nilianguka vibaya Latvia. Gurudumu la mbele lilizama kwenye mchanga, nikatua kwa kichwa. Nakumbuka kuamka kwenye hema la huduma ya kwanza nikiuliza nani kashinda, basi. Toka hapo mwanga ukawa unaniumiza, kelele za sahani zinaniumiza, nikiinama naona dunia inazunguka.

"Kichwa kinaniuma kidogo tu," nikawa nawaambia watu.

Kidogo! Nilikuwa najifungia chooni na kuzima taa.

Ukweli waliujua watu watatu. Maartje, mke wangu. Baba. Na Jurre, mwenzangu kwenye timu, rafiki yangu tangu tuna pikipiki za watoto.

Kwa hiyo msaliti alikuwa mmoja wa hao watatu. Hesabu rahisi, au sivyo?

Na mjue jambo moja. Kwetu hakuna kwenda nyuma ya mtu. Kwetu ukivaa suruali mbaya, jirani anakwambia suruali yako mbaya, tena mbele ya mkeo. Mtu kwenda kukusemea kwa daktari kimyakimya... huo ni uchafu. Hapo ndipo hasira yangu ilipotoka.

Nikaanza na Jurre. Siku ile alimaliza wa nne. Na Jumatatu, ile kalamu iliyokuwa yangu, akasaini yeye!

Nilimkuta anaosha pikipiki yake.

"Hongera, kaka. Kiti changu kinakutosha?"

"Teun, usianze."

"Ulimwambia nini daktari?"

"Mimi?" Akazima mpira wa maji. "Mwanangu, ningetaka kukutoa, ningekupiga bega kona ya kwanza ukalale kwenye majani. Kama siku zote! Niende kwa daktari kufanya nini?"

"Mnafiki mkubwa we!"

"Nenda kapumzike. Macho yako hayako sawa."

"Macho yangu yanakuona vizuri sana."

Nikamsukuma. Hakunirudishia. Hilo ndilo lililonitia wazimu, kwamba hakunirudishia. Niliondoka nikiwa nimempoteza rafiki wa maisha yangu, na nilijiona mshindi.

Jumapili iliyofuata ilikuwa siku ya kuzaliwa ya baba.

Mnajua zinavyokuwa kwetu. Viti vimepangwa duara sebuleni. Ukiingia unazunguka duara zima kumpa kila mtu mkono: hongera kwa kaka yako, hongera kwa shemeji yako, hongera kwa jirani yako, mpaka mkono uchoke. Kisha unakaa na kikombe cha kahawa, na kipande kimoja cha vlaai, ile keki yetu ya cheri. Kimoja tu. Ukiomba cha pili, shangazi Riet anakutazama.

Mimi sikuzunguka. Nilisimama katikati ya duara.

"Leo nataka kujua nani kaniuza."

Vijiko vikaacha kugonga vikombe.

"Teun, kaa chini, kahawa inapoa," alisema shangazi Riet.

"Kahawa ipoe! Baba, ni wewe?"

Baba hakupandisha hata sauti.

"Mimi nilikwambia usoni usipande pikipiki. Gereji pale, wiki moja kabla ya mbio. Ukanirushia spana."

"Sijawahi kukurushia spana!"

Akavuta suruali juu ya goti. Mguu ulikuwa na alama kubwa, imeshaanza kugeuka njano.

Ndugu zangu, nilimtazama baba yangu mzazi, siku yake ya kuzaliwa, nikamwambia:

"Umeanza uongo uzeeni."

Alishusha suruali yake taratibu, akaomba apewe sukari, na yeye hanywi kahawa na sukari. Hadi leo nikikumbuka natamani sakafu inimeze.

Maartje akasimama.

"Twende nyumbani, Teun."

"Aha! Kumbe ni wewe!"

"Nimesema twende nyumbani."

"Tangu tuoane unataka niache mbio. Umefurahi sasa? Umepata ulichotaka?"

Alikuwa ameshika sahani yake. Aliiweka mezani polepole. Nilidhani atalia. Hakulia.

"Nikikwambia si mimi, utaniamini?"

"Sikuamini hata kidogo!"

"Haya."

Akachukua koti. Akambusu baba mashavuni, akamwambia hongera kwa mara nyingine, akatoka kwenda kituo cha treni. Kwao ni Tilburg, kwa mama yake.

Nikakaa kwenye kile kiti chake kitupu na nikala vlaai yake. Hivyo ndivyo nilivyokuwa mpumbavu. Nilikula huku watu wote wananiangalia, na nilijiambia nimebakiza mlango mmoja tu wa kugonga.

Wa daktari.

Daktari Wiersma ndiye anayesimamia waendeshaji kwenye mbio. Siku za kawaida ana kliniki yake Eindhoven. Nilienda bila miadi, na kwetu kwenda mahali bila miadi ni kosa linalokaribia wizi. Binti wa mapokezi aliniambia nirudi Alhamisi. Nikampita.

"Nani alikwambia habari zangu?" nilisema kabla sijafunga mlango.

Mama wa watu alikuwa anakula mkate na jibini mezani kwake. Akafuta vidole.

"Habari za mchana na wewe, Teun."

"Nataka jina!"

"Siwezi kutoa siri ya mgonjwa."

"Siri ya mgonjwa gani? Mgonjwa ni mimi!"

Akanitazama kwa namna ambayo hakuna daktari aliyewahi kunitazama.

"Ndiyo," akasema. "Ni wewe."

"Ndiyo nini?"

"Ni wewe uliyeniambia, Teun. Ulikuja asubuhi ya mbio. Ulikaa ndani ya gari langu la matibabu pale uwanjani, umevaa nguo zote za mbio, helmeti magotini."

Nilicheka. Wallahi nilicheka.

"Daktari, acha utani. Nijiuze mwenyewe? Siku ya maisha yangu?"

"Nilikuuliza hivyo hivyo."

"Nani kakwambia useme hivi? Jurre?"

Hakubishana. Alivuta kiti karibu, akaongea taratibu.

"Uliniambia kuna siku ulitoka dukani na mkate, ukafika mtaani kwenu, ukashindwa kujua nyumba yako ni ipi. Nyumba zote zina mlango wa kijani, dirisha moja, ua dogo. Ukajaribu ufunguo kwa jirani wa kwanza. Ukajaribu kwa wa pili. Halafu ukakaa kwenye ukingo wa barabara ukisubiri mtu atoke akuite jina."

Ndugu wasomaji, niliacha kucheka.

Ile habari sikumwambia mtu. Si Maartje, si baba, si Jurre. Niliona aibu sana. Mama mmoja mzee ndiye aliyetoka, akaniita Teun, nikajifanya nafunga kamba za viatu.

"Nilisema nini kingine?"

"Ulisema hukumbuki ulivyofika uwanjani. Ulisema ukiruka leo utakufa au utamwangukia mtu umuue. Halafu uliniomba kitu."

"Kitu gani?"

"Ulisema: nikitoka hapa nitabadilika, nitataka kupanda. Usimsikilize huyo. Nisikilize mimi."

Nilijiinamia. Miaka yote nimeogopa mtu atanitoa kwenye mbio. Kumbe aliyenitoa alikuwa ni mimi mwenyewe, yule mimi aliyekuwa bado na akili. Na wala sikumbuki sura yake.

Daktari alinyoosha mkono.

"Nipe funguo za gari. Utapanda treni."

Nikampa.

Tilburg, mama mkwe alinifungulia mlango, akaniangalia kutoka juu mpaka chini.

"Nyumba yangu haina ugomvi. Umekuja na ugomvi?"

"Hapana, mama. Nimekuja kuomba radhi."

Maartje alikuwa jikoni anamenya viazi. Hakuinua kichwa. Nilisimama pale mlangoni.

"Maartje... nilikuwa ni mimi. Mimi ndiye niliyemwambia daktari."

"Najua."

"Unajua?"

"Nilikusindikiza mimi, Teun. Nilikushika mkono mpaka mlangoni kwa daktari, nikakungoja nje. Ulipotoka ulikuwa umeshasahau, ukaenda kupanda."

Nikakaa.

"Sasa kwa nini hukuniambia? Nimekutukana mbele ya watu wote wale na umenyamaza!"

Hapo ndipo alipoweka kisu chini. Na hapo ndipo alipolia, mke wangu, kwa mara ya kwanza tangu haya yaanze.

"Nilikwambia."

"Lini?"

"Jioni ile ile ya mbio. Ulilia, ukanishukuru, ukasema kesho utamwomba Jurre radhi kwa kumfikiria vibaya. Asubuhi ukaamka ukaniuliza nani kakusaliti. Nikakwambia tena. Ukalia tena. Asubuhi yake... hivyo hivyo. Nikaona nakuua kila siku upya."

"Na pale kwa baba?"

"Pale ningesema nini? Nisimame mbele ya mashangazi zako niseme mume wangu hakumbuki jana yake? Niliona bora wakuone mkorofi kuliko wakuonee huruma."

Nimevunjika mifupa mingi katika maisha yangu. Hakuna uliowahi kuuma namna ile.

Mbio nimeacha. Baba nimemwomba msamaha, akaniambia, "Spana yenyewe ulirusha vibaya, nilikufundisha nini miaka yote?" Halafu akaenda gereji akakaa huko peke yake muda mrefu. Jurre alinikumbatia. Vipimo vinaendelea. Daktari anasema kumbukumbu inaweza kurudi, inaweza isirudi. Anasema ukweli usoni, na siku hizi nashukuru kwa hilo.

Ninachojifunza mimi ni hiki: kabla hujamwita mtu wako msaliti, jiulize kama wewe mwenyewe uko sawa. Na ukiumia kichwa, usiseme "kidogo". Sema ukweli, useme mapema, useme kwa mtu atakayekuzuia hata ukimtukana.

Naandika haya Maartje akiwa pembeni yangu. Pale nilipokosea au niliposahau amenisahihisha, na hiyo ya spana ameniambia niiache kama ilivyo.

Ila nina ombi, na ndiyo sababu hasa ya kuandika hapa hadharani badala ya kukaa nayo moyoni.

Kesho naweza kuamka na hasira zangu. Mnaweza kuona nimeposti hapa kwamba mke wangu ameniuza, kwamba baba yangu ni mwongo, kwamba nitamtafuta aliyenitoa getini.

Msinipe pole. Msimtukane Maartje.

Nirudishieni posti hii niisome. Niambieni: ulikuwa ni wewe, Teun, na ulifanya jambo la maana kuliko yote uliyowahi kufanya.

Nikibisha, nirudishieni tena.