Mfuko wa Chumvi

Bi Sihaba wa Nyamwage alikuwa na mbuzi jike aliyemwita Mwenzangu. Mumewe alikwisha kufa. Wanawe walikuwa Dar es Salaam, na barua zao zilikuja mara moja moja. Kila alipotoka dukani alisema mlangoni, "Nimerudi," na Mwenzangu akalia nyuma ya nyumba. Siku nyingine hayo ndiyo yalikuwa mazungumzo yake ya kutwa nzima.

Ilikuwa miaka ya ruksa, biashara ilipofunguliwa. Maduka yalijaa, na kila kitu kilitiwa kwenye rambo, mifuko ya plastiki. Bi Sihaba, fundi wa kusuka, alikitundika kikapu chake cha ukindu ukutani. Nani angehangaika nacho tena? Rambo akishazitumia alizitupa jalalani.

Siku moja Mwenzangu alikataa majani. Tumbo likamvimba. Siku ya nne akafa, akaacha mtoto wa miezi minne.

Haidari, bwana mifugo, alifika kwa baiskeli kutoka Ikwiriri. Alimpasua mbuzi, akatoa bonge la rambo kubwa kama nazi.

"Alikula mifuko, mama. Haisagiki tumboni. Inaziba njia, chakula hakipiti."

"Majani yote haya, afuate mfuko?"

"Ulitiwa nini?"

Bi Sihaba aliutazama mmoja, mweusi wenye mistari. Akaufahamu.

"Chumvi," alisema. "Huu wangu mwenyewe."

"Mbuzi hupenda chumvi. Na mfuko hauozi kama jani la mgomba. Ukiuchoma, moshi wake ni sumu. Rambo zilizopo zikusanye, uzifunge mbali na mifugo. Nyingine usizilete nyumbani."

Bi Sihaba alilia sana. Kesho yake aliokota rambo zote, moja moja, akazifunga kwenye gunia. Kisha akatungua kikapu, akachukua na kopo, akaenda dukani.

"Mchele tia humu. Chumvi kwenye kopo."

Zaidi, mwenye duka, alicheka. "Bibi, umerudi zamani?"

"Rambo imeniulia Mwenzangu."

Zaidi akaacha kucheka. Mwanasiti, jirani wa Bi Sihaba mwenye mbuzi sita, aliyekuwa pale dukani, akasema, "Nisukie na mimi, dada."

Bi Sihaba alipofika mlangoni kwake alisema, "Nimerudi." Kimya. Aliketi kizingitini na kikapu chake, asiwe na hamu ya kupika.

Mpaka mavuno ya mpunga alikuwa amesuka vikapu tisa. Mbuzi wa Mwanasiti walikuwa wazima, na jalalani palibaki maganda ya muhogo tu. Jioni moja akitoka dukani, alisema yale yale mlangoni, kwa mazoea.

Nyuma ya nyumba, yule mtoto wa mbuzi akaitika.