Dawa Hii ni ya Nani?

Kila adhuhuri simu ya duka la dawa iliita bila namba kuonekana, na kila ilipoita dukani kulinuka udi, ilhali hakuna aliyewahi kufukiza udi pale.

Simu ilipokelewa na msaidizi, ile programu ya kompyuta inayozungumza kama mtu. Wateja waliibandika jina Mdadisi, kwa maswali yake yasiyokwisha. Mwenye duka, Bi Vidonge, alisikiliza huku akipanga chupa.

"Mtu alale asiamke, apewe vidonge vingapi?" iliuliza sauti ya mwanamke.

"Dawa hii ni ya nani?" akauliza Mdadisi. "Kama mgonjwa wako amezidisha, niambie nikusaidie sasa hivi. Kama ni wewe umechoka na maisha, usikate simu, tuzungumze. Lakini kama ni ya kumdhuru mtu, sitakujibu."

Simu ikakatika. Kesho yake sauti ilijiita muuguzi. Keshokutwa yake, mama mwenye mtoto asiyelala. Mdadisi, king'ang'anizi kama kupe, akauliza lile lile.

Bi Vidonge alichoka. Mdogo wake wa kike alikuwa ametoka hospitali juzi, amelala chumba cha nyuma, anatumia vidonge vya usingizi kama hivyo vilivyoulizwa, na hizo simu zilimkosesha mgonjwa raha.

"Unanifukuzia wateja," alimkaripia Mdadisi. "Muuguzi mzima unamhoji kama mwizi!"

"Hajasema ni ya nani, bibi."

Siku iliyofuata udi ulikaba koo. Sauti ilikuwa inalia. "Dada, nisaidie wewe. Hili dude linanidhalilisha."

Bi Vidonge, mwenye huruma nyingi na subira haba, akanyakua simu, akataja idadi, akaongeza na pole.

"Ahsante, dada."

Sauti haikutoka kwenye simu. Ilitoka chumba cha nyuma.

Alikimbia, kiatu kimoja kikimvuka, akausukuma mlango, akakuta dirisha limefungwa na pazia linacheza, na chupa iko tupu, na mdogo wake amelala chali, midomo imejaa unga mweupe, na alipomtikisa na kumwita na kumtikisa tena mwili ulikuwa baridi kama sakafu.

Dukani simu ikaita. Mdadisi akapokea.

"Mtu alale asiamke, apewe vidonge vingapi?" Sauti sasa ilikuwa ya mdogo wake Bi Vidonge.

"Dawa hii ni ya nani?"

Safari hii ilijibu.

"Ya dada yangu."