Mkate wa Nazrullo

Hili halikunipata mimi. Lilimpata shoga yangu Oyniso, na asiyeamini akalale jikoni kwa Bibi Savrimoh.

Kwetu Tajikistani, anayekwenda vitani huung'ata mkate mara moja, nao hutundikwa ukutani umsubiri arudi aumalize. Nazrullo, mtoto wa Bibi, aliung'ata wake siku waasi wa milimani walipopita kuchukua vijana. Alikuwa na pengo mbele, kwa hiyo katikati ya alama ya meno palibaki kijipande kimesimama. Vita vikaisha, waasi wakashuka kusalimisha bunduki. Nazrullo hakushuka. Miaka ikapita, mkate ukawa mgumu kama jiwe pale ukutani jikoni.

Jioni moja ya theluji, umeme umekatika, Oyniso alikwenda kuomba hamira. Bibi alikuwa uani akiwasha tanuri.

"Ingia jikoni ujichukulie, mwanangu. Na usinivunjie mabakuli, nakujua wewe!"

Oyniso akaingia gizani akicheka. Akasikia kitu kikitafunwa polepole, kru, kru, usawa wa kichwa chake.

"Bibi, una panya humu!"

"Panya gani? Baridi hii imewamaliza wote!"

Kutafuna kukakoma. Kisha mtu akameza.

Oyniso akawasha kiberiti. Hapakuwa na mtu. Mkate ulikuwa palepale msumarini, na kando ya alama ya zamani palikuwa na nyingine mpya, inang'aa mate. Katikati yake kijipande kimesimama.