Dereva Mpya wa Simu ya Tata

Kila akitoka shule, Edvina alimenya ndizi na bibi yake, Kokushubila, kisha akacheza mashindano ya magari kwenye simu ya baba yake, Wilbert, aliyemwita Tata. Wiki hiyo mama yake alikuwa hospitali ya Rubya akisubiri kujifungua. Baba alikuwa akichuma kahawa shambani, simu akaiacha kwa Bibi.

"Ikiita tu, nikimbilieni," alisema.

Mastura, jirani yao, alichungulia mchezo akacheka. "Magari yako yananasa kama yako kwenye matope ya Kishanda!"

"Simu ni ya bei ya kati. Lakini hapa mtandaoni wanatoa dereva mpya wa michoro," alijibu Edvina. "Anaifundisha simu kuchora picha haraka."

"Dereva?" aliuliza Bibi. "Mnamjua?"

"Bibi, si mtu, ni programu!" Wasichana walicheka. Edvina akabonyeza "kubali" mara tatu bila kusoma.

Kioo kikajaa mistari ya rangi, kisha kikawa cheusi. Akabonyeza, akatikisa. Wapi!

Ndipo simu ikaita.

Iliita kioo kikiwa cheusi, bila mahali pa kupokelea. Ikanyamaza. Ikaita tena. Edvina aliyatazama maganda ya ndizi: angeweza kuifukia humo, aseme iliisha chaji. Lakini kama ni mama?

Alikimbia shambani. "Tata, nimeiharibu simu! Nadhani hospitali wanapiga!"

Baba hakumgombeza. Alikimbia naye nyumbani, akachomoa laini kwa mwiba wa mlimau, akaiweka kwenye kitochi cha Bibi, simu yake ndogo ya vitufe. Papo hapo kikaita.

"Ta Wilbert," alisema muuguzi, "mkeo anahitaji damu. Njoo upesi utoe."

Baba yake Mastura aliacha chakula chake, akawasha pikipiki, akampakia Wilbert, wakaondoka. Edvina alikaa amekishika kitochi. Bibi alimfunika kanga yake.

Jua likizama, kikaita. "Mama yu hai," sauti ya baba ilisema kwa simu ya muuguzi. "Na mtoto pia."

Juma lililofuata, fundi wa Bukoba aliirudishia simu programu zake za awali. "Kila kichakataji, yaani ubongo wa simu, kina dereva wake," alisema. "Huyu alikuwa wa simu nyingine."

Bibi alimvuta mjukuu wake karibu. "Ulisema kweli huku ukiogopa, ndiyo maana damu ilifika. Lakini Edvina, dereva usiyemjua usimkabidhi gari lenye watu. Na mle ndani alikuwamo mama yako."