Vichupa vya Herufi K

Injini ya Yamaha ilinguruma. Boti ya Zuhra iliruka juu ya wimbi, ikatua kwa kishindo, ikaruka tena.

Mbele yake mtumbwi wa injini ulikuwa ukikata maji kuelekea mwalo wa Katonga.

Redio yake ya Motorola ikakoroma sikioni mwake. "Tai, usimwache huyo. Ana mzigo wa K. Uzuie kabla haujagusa nchi kavu."

Ilikuwa sauti ya Oswald, mkuu wake wa kazi Kigoma; Tai lilikuwa jina la kificho la Zuhra. Mwaka ule wa 1996 wakimbizi walimiminika kutoka Burundi na Zaire, na silaha ziliingia humo humo, katikati ya magodoro na masufuria. Idara ya Usalama ilikuwa imenasa ujumbe kwamba K inavuka ziwa asubuhi ile. Oswald alijua maana yake: Kalashnikov.

Zuhra Khalfani, mtoto wa Ujiji aliyesomea ufamasia kabla Idara haijamchukua, aliupita mtumbwi, akauzibia njia, akachomoa bastola yake ya Browning.

Mwenye mtumbwi akainua mikono. Hakuwa na hata kisu.

Alijitaja kuwa Selestini, mkimbizi. Kwa Kiswahili chenye lafudhi ya Kirundi alieleza kwamba amebeba dawa za watoto wachanga, mali ya Daktari Feliksi, mgeni anayesaidia zahanati ya kambini. Sanduku la jana pia alilivusha yeye. Mwanawe wa kwanza, aliyezaliwa juzi, angedungwa dawa hiyo asubuhi ile ile. Alisema hayo kwa fahari.

Zuhra akafungua sanduku.

Hamkuwa na bunduki. Mlikuwa na vichupa vya kioo, kila kimoja kimebandikwa herufi moja tu: K.

Oswald alipoambiwa alishusha pumzi. Basi ni vitamini K, wanayodungwa watoto wasivuje damu. Amwache apite.

Zuhra alikiinua kichupa juani. Maji maangavu, yasiyo na rangi. Vitamini K aliyoizoea ina umanjano.

K ya vitamini ilitokana na neno la Kizungu, lenye K mwanzoni, la kuganda kwa damu. Lakini wanakemia wana K yao nyingine: kalium, yaani potasiamu. Ile ya kwanza huzuia damu isivuje. Hii ya pili, ikidungwa ovyo, husimamisha moyo.

Alisogea nyuma ya boti, akamwita kwa redio Regina, muuguzi wa zahanati ya kambi. Akamwambia kwa sauti ya chini asimdunge mtoto yeyote.

"Umechelewa, dada." Sauti ya Regina ilikuwa imekauka. "Wawili wamefariki sasa hivi. Mmoja ni wa Agnesi, mke wa Selestini. Akina mama wanafunga mizigo. Wanasema heri warudi kwenye vita."

Zuhra akamgeukia Selestini. Alikuwa akimtabasamia.

Akalimeza neno. Angemwambia pale, asingepata neno jingine kutoka kwake.

Akamuuliza mabaki ya sanduku la jana yako wapi. Selestini akajibu bila hila: Daktari ameyachukua kwa Land Cruiser nyeupe, anayapeleka kambi nyingine, barabara ya Kasulu.

Zuhra alimkabidhi kwa polisi pale Katonga, akiwa amefungwa pingu, akarukia pikipiki yake ya Honda.

Aliifikia Land Cruiser pale Kidahwe, kwenye barabara hiyo. Akaipita, akailaza pikipiki katikati ya barabara, akasimama na Browning mkononi. Breki zikalia. Vumbi likawafunika wote.

Feliksi alishuka taratibu. Shati lake lilikuwa limenyooka pasi.

"Soma lebo," alisema. "Nimeandika K, na humo ndani ni K. Muuguzi akielewa vibaya, kosa langu liko wapi?"

"Hukuandika neno zima."

Pingu zilipogusa mikono ya Feliksi ndipo alipotaka kupatana, akawataja waliomtuma. Walikuwa ng'ambo ya ziwa. Walitaka wakimbizi waiogope zahanati, kambi ivunjike, wanaume waokotwe mpakani na kupewa bunduki.

Polisi waliofika nyuma yake wakamchukua Feliksi na vichupa vyote. Oswald alimpongeza kwa redio. Zuhra alikuwa amekwisha kugeuza pikipiki kurudi Katonga.

Selestini alikuwa ameketi mchangani, karibu na wanawake waliokuwa wakianika dagaa. Zuhra akachuchumaa mbele yake, akamwambia yaliyompata mwanawe. Hakumficha kitu, hata kwamba alijua tangu wakiwa majini.

"Umwana wanje," Selestini alisema kwa lugha ya kwao. Mwanangu.

Hakulia. Alisikiliza maelezo ya ile herufi mpaka mwisho, macho yakiwa kwenye viganja vyake.

"Mimi najua kusoma, afande," alisema. "Niliisoma hiyo K. Nikamwambia Agnesi asiogope sindano."

Motorola ikakoroma. Oswald alimtaka mtuhumiwa wa mtumbwi kituoni, aandikishe maelezo.

Zuhra akazifungua pingu.

"Anakwenda kuzika," alisema.

Oswald akaanza kueleza utaratibu. Zuhra akaizima redio, akavaa miwani yake myeusi, akamshika Selestini kiwiko. Wakapanda polepole kutoka mwaloni, na wanawake wa dagaa wakawapisha njia.